Stara na Ukweli katika Nasaba za Mji Mdogo

Historia ya taifa kubwa husomwa kwa moyo mtulivu. Msomaji akiambiwa kwamba mfalme fulani aliwauza watu wake, au kwamba jeshi fulani lilitupa silaha likakimbia, hatoki jasho, kwa maana hao waliotajwa wako mbali naye kwa karne na kwa bahari. Historia ya mji mdogo haina utulivu huo. Kila jina lililomo ni jina la nyanya wa mtu, na mtu huyo yu hai. Ana duka karibu na soko, huimba kanisani au huswali katika msikiti wa mtaa, na watoto wake wamekaa dawati moja na watoto wa yule anayeandika. Kwa sababu hiyo, anayetaka kuandika habari za mji mdogo hukutana na swali ambalo mwandishi wa habari za mataifa hulipita kwa urahisi: Je, kila lililo kweli lapaswa kusemwa?

Wahenga wetu walituachia usemi wa pande mbili katika jambo hili. Upande mmoja walisema kwamba mficha uchi hazai, yaani mwenye kuogopa kufunua hali yake hukosa faida ambayo ingetokana na kuifunua. Upande wa pili walisema kwamba aibu ya maiti aijuaye mwosha, na kila msikilizaji afahamu kwamba mwosha hutazamiwa kuufunga mdomo wake. Wahenga hawakujipinga. Walijua kwamba ziko siri ambazo huponya zikitolewa, na ziko siri ambazo huponya zikitunzwa. Kazi iliyobaki kwetu ni kuzitenga, na kazi hiyo si nyepesi.

Na tuitazame kwanza miji yenyewe. Miji mingi ya Kenya ilizaliwa au ilikuzwa katika zama za ukoloni, penye kituo cha serikali, penye reli, au penye misheni. Machakos ulipata jina lake kwa Masaku, mzee mashuhuri wa Wakamba, ambaye wageni walishindwa kulitamka jina lake sawasawa. Kituo cha Waingereza kilikuwako hapo kabla reli haijafika Nairobi mwaka 1899. Murang'a uliitwa Fort Hall kwa kumbukumbu ya Francis Hall, ofisa aliyefariki mwaka 1901. Kisumu, reli ilipoufikia ufuko wa ziwa mwaka huo huo wa 1901, uliitwa Port Florence, kwa jina la Florence Preston, mke wa mhandisi wa reli.

Tafakari habari ya jina hilo la mwisho. Zaidi ya vibarua na mafundi 31,000 waliletwa kutoka India kuijenga reli ile, na karibu 2,500 miongoni mwao walikufa kazini. Waafrika nao walichimba, walibeba na walifyeka njia. Katika umati wote huo, jina lililoandikwa juu ya ramani ni la mke wa mhandisi. Bibi yule hakumkosea mtu. Tena alivumilia taabu za safari kama wengine. Walakini ramani ilichorwa na waliokuwa na kalamu, na kumbukumbu ya mji hufuata kalamu. Ndiyo sababu nasaba katika miji hii aghalabu huwa fupi. Kijijini mtoto aweza kuhesabu mababu saba au wanane bila kusita. Mjini mtoto huyo huyo akimwuliza baba yake habari za ukoo, huhesabu watu wawili au watatu, kisha husikia neno moja: "Alikuja." Alikuja kutoka wapi? Aliletwa na nani? Aliitwaje kabla ya kuja? Neno hilo ni mlango, na mara nyingi mlango huo umefungwa kwa makusudi.

Hakuna mahali panapolionyesha jambo hili kwa uwazi kuliko Frere Town, ng'ambo ya kaskazini ya kisiwa cha Mombasa. Mwaka 1873 Sultani Barghash wa Unguja alitia saini mkataba na Waingereza wa kulifunga soko la watumwa na kukataza watumwa wasisafirishwe baharini. Manowari za Kiingereza zikawa zinayakamata majahazi, na watu waliotolewa ndani yake walihitaji mahali pa kuishi. Mwaka 1875 wamisionari wa C.M.S. wakaanzisha makazi, wakayapa jina la Sir Bartle Frere, mjumbe wa Uingereza aliyekwenda Unguja kwa ajili ya mkataba ule. Waliokaa humo walikuwa Wayao, Wanyasa, Wamakua na wengine wengi, waliokusanywa na msiba mmoja. Pamoja nao walikuwako Waafrika waliokuwa wamepelekwa India baada ya kuokolewa, wakafundishwa Nasik karibu na Bombay, kisha wakarejeshwa. Mahali ilipotundikwa kengele ya makazi yale panaitwa Kengeleni hata leo, na maelfu ya watu hupita hapo kila siku bila kufikiri kwamba jina la kituo chao cha basi ni ukurasa wa historia.

Rabai nako, mahali palipofunguliwa misheni na Krapf na Rebmann mwaka 1846, walikimbilia watoro kutoka mashamba ya pwani. Mabwana wao walipokuja kuwadai, pakawa na hatari ya kumwagika damu. Ugomvi ule ulimalizwa kwa fedha: George Mackenzie, mkuu wa Kampuni ya Kiingereza ya Afrika Mashariki, alikubali mabwana walipwe fidia, na mwanzoni mwa mwaka 1889 zaidi ya watu 1,000 walipewa hati za uhuru. Utumwa wenyewe ulifutwa kisheria katika pwani ya Kenya mwaka 1907.

Sheria, hata hivyo, hufuta hadhi, haifuti dharau. Baada ya mwaka 1907 palikuwa hapana mtumwa mbele ya hakimu, lakini neno lenyewe lilibaki ndimi. Lilitamkwa katika ugomvi wa kisimani, na lilinong'onwa posa zilipopelekwa. Kijana aliyesoma, mwenye kazi na tabia njema, aliweza kukataliwa kwa swali moja: "Huyu ni wa ukoo gani?" Watu waliosumbuliwa hivi walifanya lililo jepesi na la busara machoni pao: walinyamaza. Wengine walijitafutia ukoo mwingine, wakajiunga na majirani zao kwa jina na kwa desturi. Watoto wao walikua bila kujua, na wajukuu wao hawakuwa hata na la kuuliza.

Basi tuseme kwamba wanafunzi wa shule moja wametumwa na mwalimu wao kukusanya nasaba za mji. Mwanafunzi mmoja anapata habari, kwa mzee anayeaminika, kwamba babu mkuu wa jirani yake aliletwa pwani akiwa mateka. Jirani mwenyewe hajui, ama anajua naye hataki litajwe. Mwanafunzi afanye nini?

Hoja ya kunyamaza ina nguvu, na mtu asiidharau. Kwanza, stara ni wema. Jamii isiyositiriana haiwezi kuishi pamoja, kwa kuwa hakuna nyumba isiyokuwa na la kusitiri. Pili, ukweli haudondoki mahali patupu. Huokotwa na watu, na si wote wenye nia safi. Habari iliyoandikwa na mwanafunzi kwa ajili ya elimu yaweza kuchukuliwa na mgomvi kwa ajili ya matusi, au na mdai wa ardhi kwa ajili ya kumfukuza mwenzake. Tatu, mwenye kuumia kwa kufichuliwa siri siye yule anayeifichua. Ni rahisi kuwa jasiri kwa jeraha la mwingine.

Na hoja ya kusema, je? Nayo ina uzito wake. Kila mara tunaponyamaza kwa sababu ya aibu, tunakubali kimyakimya kwamba aibu ile imekaa mahali pake. Lakini aibu ya utumwa ni ya nani? Aliyekamatwa njiani akiwa mtoto alitenda kosa gani? Aibu ni ya aliyemvizia, ya aliyemnunua, na ya aliyemfanyisha kazi bila ujira. Kimya huichukua aibu katika nyumba ya mkosaji na kuiweka katika nyumba ya mkosewa, na huiacha hapo kizazi baada ya kizazi. Tena kimya hakizuii dharau, kwa maana mwenye kudharau hunong'ona vilevile; humnyima tu mwenye kudharauliwa maneno ya kujibia.

Zaidi ya hayo, kimya huwaua waliokufa mara ya pili. Alikuwako mtoto wa Kiyao aliyeitwa Chengwimbe. Alinaswa akauzwa, akaokolewa baharini na manowari, akapelekwa India, na huko akapata jina jipya la Matthew Wellington. Alikuwa miongoni mwa watu waliosafiri na David Livingstone, na mgeni huyo alipofariki mwaka 1873 walimchukua maiti yake kutoka ndani ya bara hadi pwani, safari ya miezi mingi. Alifariki Mombasa mwaka 1935. Kama asingekuwako mtu wa kuliandika lile jina la Chengwimbe, nasaba yake ingeanza kwa jina la Kiingereza, kana kwamba mtu huyo alizaliwa siku ya ubatizo wake, hakuwa na mama aliyemlilia, wala kijiji kilichomkosa jioni ile aliyochukuliwa. Wako wengi waliopatwa na hayo hasa, kwa kuwa hapakuwa na aliyewauliza.

Ukoo mmoja wa Frere Town ulichagua kusema. James Mbotela, ambaye baba yake alikuwa mtu aliyeokolewa katika jahazi, aliandika kitabu cha Kiswahili kiitwacho Uhuru wa Watumwa, kilichochapishwa mwaka 1934. Wasomaji wa baadaye wamekilaumu kwa kuwasifu Waingereza kupita kiasi, na lawama hiyo ina msingi. Lakini tazama alilolitenda: mwana wa mateka alishika kalamu ile ile iliyokuwa imeandika majina ya wengine juu ya ramani, akaandika jina la baba yake. Hakungoja mtu mwingine amfichue. Matusi gani yamebaki kwa mtu ambaye amekwisha kuisema habari yake mwenyewe, hadharani, bila kuinamisha kichwa?

Mfano huu ndio unaotuonyesha njia ya kutokea katika swali letu. Mbotela alisema habari za nyumba yake. Kuna tofauti kubwa kati ya kuufungua mlango wako na kuuvunja mlango wa jirani, hata kama ndani ya nyumba zote mbili mna kitu kile kile. Kwa hiyo natoa kanuni ya kwanza: tendo lililotendwa hadharani ni la mji wote, bali jeraha la mtu ni la mwenyewe na la wazawa wake. Kwamba watu waliuzwa pwani hii, kwamba mashamba yalilimwa na watumwa, kwamba fidia ililipwa kwa mabwana na wala si kwa waliotumikishwa, hayo ni ya wote, na kuyaficha ni dhuluma. Lakini kwamba babu wa fulani alikuwa miongoni mwao, hilo ni la fulani kulisema, wakati wake, kwa kinywa chake. Mwanafunzi wetu, basi, ayaandike ya mji yote, kisha aende kwa jirani yake, akiwa pamoja na mzee aliyemwambia, amwulize kwa heshima. Akikataliwa, aitunze habari hiyo kama amana.

Hapa mtu atauliza: Na wazawa wa mabwana, je? Wao nao wana haki ya kusitiriwa? Swali hili ni gumu, maana mtoto wa mwenye watumwa hakumnunua mtu, na kumtukana kwa ajili ya babu yake ni kulitenda upya kosa lile lile la kumhukumu mtu kwa damu yake. Lakini hali yake hailingani na ya yule mwingine. Mwana wa mateka hakurithi chochote kutokana na utumwa isipokuwa dharau. Mwana wa bwana yamkini alirithi shamba. Nami naona kwamba anayekula mirathi ya shamba hawezi kuikataa mirathi ya habari za shamba lile. Asitukanwe, asinyang'anywe heshima yake. Lakini asiombe historia inyamaze kwa ajili ya raha yake. Kanuni iyo hiyo yamhusu aliyerithi cheo kilichotolewa na serikali ya kikoloni, au kiwanja kilichogawanywa wakati wengine walipozuiwa kununua.

Kanuni ya pili ni kwamba kunyamaza kwaweza kuwa halali, lakini kutunga si halali kamwe. Asiyetaja babu yake ameacha nafasi tupu, na nafasi tupu haimdanganyi mtu. Anayebuni babu mwenye upanga wa fedha, au anayejipa ukoo mtukufu wa mbali ili apate kuwatazama jirani zake kwa juu, huyo ameutia sumu mtungi ambao wengine watakunywa. Wako wengi wa namna hii katika kila mji, na ajabu yake ni kwamba wakati wote wa kujipamba humpokonya heshima yule mtu wa kweli aliyewazaa: yule hamali, yule mpishi, yule mwanamke aliyeuza vitumbua kituoni ili mwanawe asome.

Liko jambo la tatu, nalo ni zito kwa nchi yetu. Nasaba zikikusanywa bila hekima hugeuka rungu. Kenya imekwisha kuona, katika machafuko yaliyofuata uchaguzi wa mwaka 2007, jinsi swali la nani mwenyeji na nani mgeni lilivyoweza kuua watu zaidi ya 1,000 na kuwafukuza wengine mamia ya maelfu makwao. Mtu aliyeisoma vema historia ya mji wake hawezi kulitumia neno "mgeni" kwa wepesi, kwa sababu ameona kwamba huyu aliletwa na jahazi, yule na reli, mwingine na njaa, na mwingine na barua ya serikali. Lakini ajihadhari na kosa la upande wa pili, la kusema kwamba kwa kuwa sote tulikuja, hakuna aliyepokonywa kitu. Miji haikujengwa hewani. Jina la Nairobi lilitoka kwa Wamaasai, walioyajua maji yake baridi kabla ya mji kuwako; jina la Machakos ni la Masaku. Nasaba ya haki huyasema yote mawili: kwamba waliokuja walikuja, na kwamba waliokuwako walikuwako. Hukumu ya ardhi ina mabaraza na sheria zake. Ukoo haupaswi kuwa hakimu, wala panga kuwa karani wake.

Kwa hayo yote, nawashauri vijana wasiiache kazi hii. Wazee wanaokumbuka wanapungua kila mwaka, na wanachokijua hakimo katika hati za serikali. Nenda ukaulize. Andika jina kama linavyotamkwa na mwenyewe, si kama lilivyoandikwa na karani. Andika nani alikuambia, na siku gani, ili wa baada yako ajue ulilisikia wapi. Uliza habari za akina mama, kwa maana nasaba zetu nyingi huwataja wanaume kana kwamba walizaana wao kwa wao. Mtu akikwambia jambo kisha akakuomba usiliseme, liheshimu ombi lake. Na nyumbani kwako mwenyewe, kama mna mlango uliofungwa, mwulize mzazi wako kwa upole ni nani anayelindwa na kufuli hiyo. Huenda aliyekuwa akilindwa amekwisha kufariki, na sasa kufuli hailindi ila woga.

Mwisho, lifikirie neno moja la lugha yetu. Hapo kale mwungwana alikuwa mtu aliyezaliwa huru, kinyume cha mtumwa. Uungwana ulikuwa jambo la damu, na hakuna aliyeweza kuupata kwa juhudi. Leo neno hilo lina maana ya adabu, utu na mwenendo mwema. Kwa miaka mingi Wakenya walisikia redioni kipindi kilichouliza, Je, Huu ni Ungwana?, na mtangazaji wake, Leonard Mambo Mbotela, aliyefariki mwaka 2025, alikuwa wa ukoo ule ule wa Frere Town. Mzawa wa mateka aliliuliza taifa zima, wiki baada ya wiki, kama matendo yake yalikuwa ya kiungwana, na taifa likaona ni haki kuulizwa naye. Neno lilikuwa limehama kutoka katika nasaba likaingia katika tabia. Sheria haikulihamisha, lilihamishwa na watu walioishi vema bila kuomba ruhusa ya waliowadharau. Anayeziandika nasaba za mji wake na aipime kazi yake kwa maana hiyo mpya ya neno: aseme kweli juu ya matendo, awe mpole juu ya majeraha, na asimtungie mtu babu ambaye hakuwako.